Upepo wa Juu ya Ziwa Nyasa Unahitaji Kupimwa Kutoka Kyela

Maji yanayotuama kwenye majaruba ya mpunga ya Ipinda na Kajunjumele, mengi yake yamefika Kyela bila kuonekana. Yamekuja yakiwa mvuke, yamebebwa na upepo wa kusini uliosafiri juu ya Ziwa Nyasa, ziwa lenye urefu wa zaidi ya kilomita 550, mpaka ukagota kwenye milima. Katika mwaka wa kawaida Kyela hupata milimita 2,000 za mvua na zaidi, na zipo sehemu za chini ya milima zinazokaribia 3,000. Dodoma, kwa wastani, haifikii 600. Nchi ni moja, na umbali kati ya miji hiyo miwili si mkubwa kiasi cha kueleza tofauti hiyo.

Kipimamvua husema maji kiasi gani yameanguka. Hakisemi yametoka wapi, yamepita kimo gani, wala kwa nini jana wingu lilijikusanya mchana kutwa juu ya Matema kisha likaondoka bila kudondosha tone. Majibu ya maswali hayo yako juu, kuanzia mita mia chache juu ya mawimbi hadi kilomita 15 na zaidi, na huko hakuna anayeweza kusimika nguzo yenye kipimajoto. Ndiyo maana wataalamu wa hali ya hewa hurusha maputo. Na ndiyo maana mwambao wa kaskazini wa Ziwa Nyasa unastahili puto lake.

Ramani ya mahali hapa inaeleza mengi. Uso wa ziwa uko mita zisizofika 500 juu ya usawa wa bahari. Mashariki, Milima ya Livingstone inapanda ghafla kutoka ufukwe wa Matema hadi kupita mita 2,000. Magharibi, ng'ambo ya Mto Songwe, kuna vilima vya Misuku na nyanda za juu za Nyika upande wa Malawi. Kaskazini umesimama Mlima Rungwe wenye mita zipatazo 2,960, pamoja na safu ya Poroto. Upepo unaokuja kutoka kusini umebanwa pande tatu, kwa hiyo hauna pa kutokea ila juu. Hewa ikipanda hupoa, ikipoa mvuke wake hugeuka matone, na matone hayo ndiyo Mto Kiwira, Mbaka na Lufilyo. Ndiyo pia mafuriko ya Aprili, mito hiyo inaporudi ziwani ikiwa imevuka kingo zake na kupita kwenye mashamba.

Usiku mambo hugeuka. Hewa ya milimani hupoa haraka, huwa nzito, huteremka mabondeni na kumwagika ziwani kutoka pande zote. Juu ya maji, ambayo bado yana joto la mchana, hewa hizo hukutana na kusukumana kwenda juu. Kama ilivyo kwenye maziwa makubwa mengine ya Afrika, ngurumo na dhoruba za ziwani hupenda saa za usiku na alfajiri. Hizo ndizo saa ambazo wavuvi wa usipa wako majini na taa zao.

Kisha kuna mwera. Huu ni upepo wa kusini-mashariki unaovuma kwa nguvu hasa kati ya Mei na Agosti, wakati hewa baridi na nzito kutoka kusini mwa bara inaposukumwa kaskazini kupitia Msumbiji na kuingia kwenye bonde la ziwa. Mwera huweza kuvuma siku kadhaa mfululizo, na mawimbi yake hukua njia nzima kwa kuwa hakuna kisiwa kikubwa wala rasi ya kuyavunja. Tarehe 30 Julai 1946, meli ya Vipya, iliyokuwa mpya bado, ilipinduka katika mawimbi makali ya msimu huo upande wa Malawi, si mbali na Chilumba. Watu zaidi ya 140 walikufa. Kutoka hapo hadi Itungi, bandari ya Kyela, ni mwendo wa kilomita zipatazo 100 tu za maji.

Mwera una siri ambayo mtu aliyesimama ufukweni hawezi kuiona. Si upepo mrefu wa kwenda juu. Kwa kawaida hewa hii baridi hukaa chini ya tabaka la hewa yenye joto na ukavu, na tabaka hilo huilalia kama mfuniko wa sufuria. Mfuniko ukiwa juu, upepo una nafasi. Mfuniko ukishuka huku hewa nyingine ikiendelea kusukuma kutoka kusini, hewa ile ile hulazimika kupita katika nafasi finyu zaidi kati ya milima, na njia pekee ni kuongeza kasi. Kwa hiyo anayetaka kujua kama kesho meli iondoke Itungi au ingoje, anahitaji kujua kimo cha mfuniko huo leo. Vipimo vya kawaida vya ardhini haviwezi kumwambia.

Puto linaweza. Kila siku, katika mamia ya vituo duniani, maputo hurushwa kwa ajili ya vipimo vya saa sita mchana na saa sita usiku za Greenwich, ambazo kwetu ni saa tisa alasiri na saa tisa usiku. Puto ni la mpira mwembamba, limejazwa hidrojeni au heliamu, na chini yake hufungwa kijisanduku kiitwacho radiosondi, ambacho siku hizi uzito wake ni gramu kama 100. Hupanda mita zipatazo 300 kwa dakika. Njiani radiosondi hupima joto na unyevunyevu na kuvituma ardhini kwa redio, pamoja na mgandamizo wa hewa. Mahali lilipo puto hujulikana kwa setilaiti, na jinsi linavyosukumwa huku na huku ndivyo upepo wa kila kimo unavyokokotolewa. Kadiri linavyopanda ndivyo linavyovimba, kwa kuwa hewa ya nje inapungua, hadi linapasuka kwenye kimo cha kilomita 30 au zaidi. Mwavuli mdogo hushusha mabaki.

Radiosondi ilizaliwa karibu wakati mmoja Ufaransa na Urusi: Robert Bureau alijaribu ya kwake mwaka 1929, na Pavel Molchanov akarusha ya kwake Januari 1930. Kabla ya hapo, kupima anga ya juu kulihitaji ustahimilivu wa ajabu, na moja ya safari kubwa za enzi hizo ilifanyika katika ardhi ambayo leo ni Tanzania.

Mwaka 1908, Arthur Berson na Hermann Elias walitumwa Afrika Mashariki na kituo cha Lindenberg, Ujerumani, kilichoongozwa na Richard Assmann. Berson hakuwa mgeni wa anga. Mwaka 1901 yeye na Reinhard Süring walipanda ndani ya puto hadi mita 10,800, wakiwa katika kikapu cha wazi, na wote wawili walipoteza fahamu kwa uhaba wa hewa. Mwaka uliofuata Assmann, na vilevile Mfaransa Léon Teisserenc de Bort, walitangaza kwamba joto haliendelei kupungua daima kadiri mtu anavyopanda. Kuna kimo ambacho baridi hukoma kuongezeka. Tabaka la juu ya kimo hicho ndilo linaloitwa stratosfia. Swali lililobaki lilikuwa hili: je, na juu ya Ikweta nako ni hivyo?

Berson na Elias walilipeleka swali hilo Ziwa Viktoria. Walirusha tiara na maputo, Shirati pakiwa mojawapo ya vituo vyao, na walipima pia pwani. Vyombo vyao havikuwa na redio. Kalamu ndogo ilichora mstari wa joto na mgandamizo, na ilibidi chombo kipatikane tena ndipo kisomwe; kikipotea, safari nzima imepotea. Waliyoyapata yaliwashangaza wengi. Juu ya Ikweta mpaka wa stratosfia uko mbali zaidi kuliko Ulaya, kupita kilomita 16, na huko kuna baridi kali kuliko ya juu ya Berlin: chini ya nyuzi −80 za Selsiasi, juu ya ziwa ambalo watu wanaoga kando yake kwa raha. Hakuna ajabu hapo kwa anayefuata hesabu. Hewa ya tropiki hupanda sana, na kila inapopanda hupoa.

Jambo la pili lilichukua miaka 50 kueleweka. Baada ya volkano ya Krakatau kulipuka mwaka 1883, vumbi lake lilizunguka dunia kuelekea magharibi, kwa hiyo wataalamu waliamini kwamba juu kabisa ya Ikweta upepo hutoka mashariki siku zote. Maputo ya Berson yalionyesha upepo unaotoka magharibi. Watu walijaribu kuziweka pepo hizo mbili moja juu ya nyingine, kana kwamba zote zipo kwa wakati mmoja. Ilipofika 1960 na 1961, Richard Reed huko Marekani, na Veryard na Ebdon huko Uingereza, waligundua kila upande kwa kazi yake kwamba pepo hizo hupokezana: za mashariki hutawala karibu mwaka mmoja, kisha za magharibi, na mzunguko mzima huchukua miezi kama 28. Krakatau ilisema kweli na Berson alisema kweli. Walipima katika zamu tofauti. Bila miaka mingi ya maputo kurushwa bila kukatizwa, hakuna ambaye angeligundua hilo.

Kazi iliendelea Afrika Mashariki. Nairobi, kituo cha Dagoretti, hadi leo ni miongoni mwa vichache vya Afrika ya Ikweta vinavyopima hata gesi ya ozoni kwa maputo, kazi inayofanywa na Idara ya Hali ya Hewa ya Kenya pamoja na wenzao wa Uswisi tangu miaka ya 1990. Dar es Salaam nayo ina kituo chake cha anga ya juu chini ya Mamlaka ya Hali ya Hewa Tanzania. Lakini mfano unaoihusu Kyela moja kwa moja unatoka kaskazini mwa Kenya, na chombo chake ni kile cha bei ndogo kuliko vyote.

Ni puto dogo tupu, lisilo na radiosondi. Mtaalamu hulijaza gesi kwa kipimo ili lipande kwa mwendo unaojulikana, hulifuata kwa theodolaiti, na kila dakika husoma pembe mbili. Kwa hesabu ya shule ya sekondari anapata upepo wa kila kimo mpaka puto lifichwe na wingu. Usiku hufungiwa taa. Kwa kumbukumbu za maputo ya namna hii, mwaka 1969 John Findlater alionyesha kwamba kuna mto mkubwa wa hewa unaopita chini chini, kwenye kimo cha kilomita moja au moja na nusu, kandokando ya nyanda za juu za Afrika Mashariki, ukavuka Ikweta na kupinda kuelekea India. Monsuni ya India hupita kwanza kwenye pwani ya Waswahili.

Mwaka 1982, Joseph Kinuthia na G. C. Asnani walieleza upepo mwingine ambao hakuna aliyekuwa ameuandika: mkondo wenye kasi unaopita kwenye bonde la Turkana, kati ya nyanda za juu za Ethiopia na zile za Kenya. Wenyeji walijua siku zote kwamba Marsabit na Turkana kuna upepo. Ambacho hakuna aliyekijua ni kimo cha mkondo wenyewe, kasi yake, na kwamba hudumu mwaka mzima. Leo mitambo 365 ya Lake Turkana Wind Power, yenye uwezo wa megawati 310, inauvuna upepo huo. Na mwaka 2023 Callum Munday na wenzake wa Oxford walichapisha katika jarida la Nature utafiti wa kutumia kompyuta ambamo waliyafukia mabonde ya Afrika Mashariki ndani ya modeli, kisha wakaangalia mvua. Ilibadilika sana. Mabonde hayo ndiyo milango inayopitisha mvuke wa Bahari ya Hindi kuelekea Kongo, na yakizibwa, mvua nyingi zaidi inabaki mashariki.

Bonde la Ziwa Nyasa ni ndugu wa bonde la Turkana. Lina kuta mbili, lina sakafu ya maji, na lina upepo unaosukumwa ndani yake. Tofauti ni kwamba Turkana upepo hutokea upande wa pili na kuacha jangwa. Nyasa hugonga Rungwe na kuacha mpunga, kakao na michikichi. Kwa mtu anayetaka kuelewa jinsi milima inavyotengeneza mvua, hakuna mahali pazuri zaidi Tanzania.

Hata hivyo, kilicho juu ya ziwa hili leo hukisiwa zaidi kuliko kupimwa. Kutoka Kyela hadi Dar es Salaam kwa mstari ulionyooka ni kilomita kama 670, na hewa ya pwani si hewa ya bonde hili. Mbeya ni jirani, na Mamlaka imejenga rada ya hali ya hewa huko, hatua kubwa kwa nyanda za juu kusini. Lakini Mbeya iko mita 1,700 na zaidi. Puto likirushwa kutoka Mbeya huanza safari yake mita 1,200 juu ya uso wa ziwa, maana yake limekwisha kuiruka nusu ya hewa ambayo mwera hupita na ambayo mvuke wa Kyela husafiri. Rada nayo ina tatizo la namna hiyo. Mwale wake wa mawimbi, hata ukielekezwa chini karibu na upeo wa macho, hupanda kadiri unavyokwenda mbali kwa sababu dunia hupinda chini yake, na ukifika Kyela huwa zaidi ya kilomita mbili juu ya maji. Tena Rungwe na Poroto zimesimama njiani. Rada itaona kilele cha dhoruba ya ziwani. Mzizi wake haitauona.

Setilaiti husaidia, lakini huona mgongo wa wingu, na Kyela haikosi wingu. Zipo setilaiti zinazopima jinsi mawimbi ya GPS yanavyopinda yakipita hewani, nazo ni hodari sana kuanzia kilomita tano kwenda juu. Katika kilomita mbili za chini, kwenye hewa nzito ya tropiki, umahiri wao hupungua. Ndege za abiria zenye vipimo hupita juu kwenye kilomita 10, na janga la korona la mwaka 2020 lilionyesha jinsi takwimu hizo zinavyoweza kukauka ndege zikisimama.

Mwaka 2021 Shirika la Hali ya Hewa Duniani lilipitisha kiwango kipya: kila nchi ipime anga ya juu mara mbili kwa siku, katika vituo visivyoachana zaidi ya kilomita 500. Tanzania ina kilomita za mraba zinazozidi kidogo 945,000. Zikigawanywa katika miraba ya kilomita 500 kila upande, hesabu inatoa karibu vituo vinne. Gharama si ndogo, kwa kuwa kila puto na radiosondi yake, pamoja na gesi, hufikia mamia ya dola, na mwaka mmoja wa kurusha mara mbili kwa siku ni maputo 730. Hata hivyo vituo vinne kwa nchi yenye maziwa matatu makubwa si anasa, na kimoja kati ya hivyo vinne kingefaa kiwe chini ya ukuta wa Rungwe, kwenye usawa wa maji, mahali mvuke unapoingilia.

Ziwa Viktoria limeonyesha kwamba inawezekana. Mradi wa HIGHWAY, ulioanza 2017, uliunganisha idara za hali ya hewa za Tanzania, Kenya, Uganda na Rwanda; vipimo vya anga ya juu viliongezwa, rada ya Mwanza ikatumika, na wavuvi wakaanza kupata utabiri wa mawimbi na upepo unaogawanya ziwa kwa maeneo. Wavuvi wa Matema na Lupingu hawana uhai wa thamani ndogo kuliko wavuvi wa Ukerewe.

Manufaa hayaishii majini. Kyela ndiyo inayotoa sehemu kubwa ya kakao ya Tanzania, na punje ya kakao ikishachachushwa huhitaji siku kadhaa za jua. Ikinyeshewa juu ya kichanja huota ukungu na bei huanguka. Mkulima wa Ngonga haombi kuambiwa kwamba Nyanda za Juu Kusini Magharibi zitakuwa na mvua katika baadhi ya maeneo. Anataka kujua kama mchana wa kesho hewa ya juu ya Kyela itakuwa na unyevunyevu na nguvu ya kupanda, au imefungwa. Hilo ni swali la puto la saa tisa usiku, na jibu lake linaweza kusomwa redioni kabla hajaanua wala kuanika.

Mwanzo unaweza kuwa wa kawaida kabisa. Kigoma kuna Chuo cha Taifa cha Hali ya Hewa, na wanafunzi wake hufunzwa kusoma anga. Kundi dogo lenye theodolaiti, mitungi ya gesi na maputo matupu linaweza kupiga kambi Itungi kwa misimu miwili: Aprili, mvua inapokuwa kileleni, na Julai, mwera unapotawala. Siku chache zilizochaguliwa ziongezewe radiosondi, alfajiri na alasiri, ili kimo cha ule mfuniko kijulikane kwa mita. Ng'ambo ya Songwe, Karonga iko kilomita kama 40 tu kutoka Kyela, na Wamalawi wana mwera ule ule na majeruhi wale wale. Maputo mawili yakirushwa dakika moja, moja Karonga na jingine Itungi, tofauti ya kasi na mwelekeo kati yao itaonyesha jinsi upepo unavyopunguza mwendo na kuanza kupanda unapoukaribia mlima. Kipimo hicho kinaweza kuanza msimu wowote ambao Dodoma na Lilongwe zitakubaliana.